Kitara cha Derna

Neno mamluki kwetu lina sifa mbaya. Ni mtu wa kukodiwa, anayepigana vita visivyo vyake kwa sababu kuna pesa. Asili ya neno ni Kiarabu, na maana yake ya kwanza ni mtu anayemilikiwa. Wamamluki wa Misri walikuwa watumwa waliofunzwa vita toka ujanani, wakapata nguvu mpaka wakawageuka mabwana zao na kuitawala nchi wenyewe. Silaha yao ilikuwa kitara, ule upanga uliopinda. Sasa ajabu ni hii: ofisa wa Marines wa Marekani, siku ya gwaride, hujifunga kiunoni kitara kinachoitwa kwa jina hilohilo, upanga wa Kimamluki.

Kilifikaje huko? Hadithi wanayosimuliana Marines inaanzia Afrika Kaskazini. Oktoba 1803, manowari ya Marekani iitwayo Philadelphia ilikwama kwenye miamba karibu na Tripoli, na watu wake 307 wakatekwa. Mtawala wa Tripoli, Yusuf Karamanli, akataka kulipwa ndipo awaachilie. Huyu Yusuf alikuwa amempokonya kiti kakake mkubwa, Hamet. William Eaton, aliyewahi kuiwakilisha Marekani huko Tunis, akapata wazo: kwa nini tusimrudishe Hamet kitini?

Wakakutana Misri. Wakakusanya mamia ya Waarabu, Wagiriki na watu wa kila aina, wengi wao wa kukodiwa, yaani mamluki kwa maana yetu kabisa. Marines walikuwa 8 tu, akiwemo kiongozi wao, Luteni Presley O'Bannon. Walikata jangwa takriban kilomita 800 kutoka Alexandria, na tarehe 27 Aprili 1805 wakauteka mji wa Derna. Ndiyo, Derna hiyohiyo ya Libya ambayo mabwawa yake yalipasuka Septemba 2023 na maelfu ya watu wakafa. Inasemekana Hamet, kwa shukrani, alitoa kitara chake akampa O'Bannon. Mwaka 1825, mkuu wa Marines, Archibald Henderson, akaamuru maofisa wake wavae vitara vya namna hiyo. Ukiondoa kipindi cha 1859 hadi 1875, wamevivaa mpaka leo.

Hadithi tamu. Lakini watu wanaokusanya silaha za zamani wana msemo wao: nunua upanga, usinunue hadithi.

Wana sababu. Panga za Marekani za miaka ile ya mwanzo (si zile za kufyekea nyasi) zinatafutwa sana, na ukimsikiliza muuzaji, kila upanga ulishikwa na babu aliyepigana bega kwa bega na George Washington. Mkusanyaji makini humwacha aongee, yeye anaangalia chuma. Anatafuta mhuri wa mtengenezaji. Je, ni N. Starr wa Middletown, Connecticut, aliyepewa kandarasi ya vitara 2,000 vya wapanda farasi mwaka 1798? Au ni N. P. Ames wa Massachusetts, aliyeanza kulitengenezea jeshi panga fupi za wapiga mizinga mwaka 1832? Anatafuta herufi US, na herufi za jina la mkaguzi wa serikali. Analinganisha na kitabu cha mwanahistoria Harold L. Peterson cha 1954, kilichozigawa panga hizi kwa aina na nambari, na ambacho wakusanyaji bado wanakitaja. Na hata siku moja hakimbilii kuzisugua zing'ae. Ule weusi wa miaka 200 ni ushahidi, na ukishaufuta haurudi.

Chuma kikisomwa hivyo, mara nyingi kinamuumbua mzalendo. Maofisa wa mwanzo walipenda mpini wenye kichwa cha tai, nembo ya taifa lililojikomboa. Kumbe tai wengi wa aina hiyo walitoka viwandani Birmingham, Uingereza, kwa Mwingereza yuleyule aliyetoka kufukuzwa. Bapa nyingi nazo zilitoka Solingen, Ujerumani. Upanga wa Ames wa 1832 ukiuona utadhani ni wa askari wa Roma, lakini Wamarekani waliuiga kwa Wafaransa, ambao nao waliiga Roma. Ukiukuta hauna mhuri wa Ames, chunga: huenda ni Mfaransa anayeuzwa kama Mmarekani.

Sasa tukisome kitara cha Derna vivyo hivyo.

Kwamba jimbo la Virginia lilimtunuku O'Bannon upanga wa heshima, hilo liko kwenye kumbukumbu. Kwamba Hamet alimkabidhi chake, wanahistoria wamelitilia shaka, maana ushahidi wa wakati ule ni haba. Tena vitara hivi vilikuwa fasheni. Baada ya Napoleon kuivamia Misri mwaka 1798, maofisa wa Ulaya walivipenda mno, na mwaka 1831 Uingereza iliwapa majenerali wake. Haikuhitajika zawadi ya mtu ndipo Marines wavitamani.

Kisicho na shaka ni kilichofuata. Juni 1805, Eaton na Hamet wakiwa bado wameishika Derna, mjumbe mwingine wa Marekani, Tobias Lear, alipatana na Yusuf: dola 60,000 kwa ajili ya mateka, na Wamarekani waondoke Derna. Manowari Constellation ikaja. Usiku, Marines, Wagiriki, Hamet na watu wake wachache wakateremka ufukweni kimyakimya na kupanda mashua. Waarabu waliopigana upande wao na wakazi wa Derna walipogundua, walikuwa wameshaachwa mikononi mwa Yusuf. Mke na watoto wa Hamet walikuwa wameshikwa na Yusuf pia. Mkataba uliahidi watarudishwa, lakini kifungu cha siri kikampa Yusuf hadi miaka minne ya kuwashikilia. Hamet akaishia uhamishoni Syracuse, Sicily, akiiandikia serikali ya Marekani barua za kuomba msaada. Asante ya punda ni mateke.

Kwa hiyo chagua. Kama kweli Hamet alimpa O'Bannon kitara, alikitoa kwa watu ambao hazikupita wiki saba wakauza ushindi wake. Kama hakumpa, basi waliomwacha ndio waliojitungia shukrani kwa niaba yake. Wakati wa gwaride vitara vinang'aa, vimesuguliwa vizuri, na jina linalotajwa ni la O'Bannon. Mkusanyaji yeyote atakuambia kinachopotea chuma kinaposuguliwa. Hapa kilichopotea ni Hamet Karamanli, na watu wa Derna walioamka asubuhi wakakuta bahari tupu.