Ansible, foni na mawe ya kwetu

Mwaka 1966 mwandishi Mmarekani Ursula K. Le Guin alitoa riwaya, Rocannon's World. Ndani yake kuna chombo alichokiita ansible: unaandika neno hapa, linasomeka papo hapo kwenye sayari nyingine, hata kama safari ya huko ni ya miaka na miaka. Ni hadithi tu. Lakini sisi wa Masisi na Walikale tumeishi na ndugu yake: foni.

Waya umefungwa juu ya miti, betri ya gari, paneli ya jua, basi. Mawimbi mafupi hayatoboi milima. Yanapanda juu, yanagonga tabaka la anga lenye chaji za umeme, yanashuka mbali kabisa. Ndiyo maana sauti ya Walikale ilifika Goma hata barabara ikiwa imekufa. Ubaya wake, kila aliye kwenye masafa yale anasikia. Msiba wako wanaujua wote mbele yako.

Sasa tuna simu. Kumbe ndani yake mna tantalum, itokayo kwenye koltani kama ile ya Rubaya, Masisi, na bati la kulehemu, litokalo kwenye kasiteriti kama ya Bisie, Walikale. Ulaya na Asia wanasemezana kwa mawe yetu! Aprili 2024 M23 walichukua Rubaya. Mama aliyekimbia anapanda kilima kutafuta rezo, na inite zake chache. Akiipata, anauliza kwanza: muko wazima? Muko wangapi?