Nipe Kingine Kama Hiki

Mwezi Oktoba 1876, wakutubi wa Marekani walikutana Philadelphia na kuunda chama chao. Mambo yaliyowashughulisha wengi wao yalikuwa ya kiufundi: vitabu vipangwe vipi, katalogi iandikwe vipi, nani afuate utaratibu wa nani. Samuel Swett Green, aliyeongoza maktaba ya umma ya Worcester, mji wa viwanda katika jimbo la Massachusetts, alikuja na mada ya namna nyingine. Alitaka wenzake wazungumzie uhusiano wa ana kwa ana kati ya mkutubi na msomaji.

Hoja hiyo ilikuwa na uzito kuliko inavyosikika leo. Katika maktaba nyingi za wakati huo msomaji hakufika rafuni. Alisimama kaunta, akapekua katalogi, akaandika namba kwenye kipande cha karatasi, kisha akangoja karani aende nyuma akamletee. Aliyejua jina la mwandishi alihudumiwa. Asiyejua, na hasa yule aliyeona haya kukiri kwamba hajui, aligeuza na kurudi zake. Green alishauri pale kaunta awekwe mtu mchangamfu, mwenye adabu na asiyechoka kuulizwa. Mkutubi, alisema, asiwe radhi kumwona mtu akitoka na swali lisilojibiwa, kama vile mwenye duka asivyopenda mteja aondoke bila kununua kitu.

Ushauri wa vitabu ulianzia hapo kama sehemu ya kazi ya mkutubi, ingawa haukuwa bado na jina wala meza yake. Pamoja na wema wake, ulikuwa na upande mwingine ambao Green hakuugusa sana. Anayemchagulia mwenzake kitabu amevipita vingine vingi, na msomaji hajui vilivyopitwa. Jiji ambamo mambo haya mawili yalikwenda bega kwa bega kwa muda mrefu ni New York.

Watoto ndio waliochelewa kufunguliwa mlango. Hadi miaka ya mwisho ya karne ya 19, maktaba nyingi za Marekani ziliwawekea sharti la umri, na mdogo aliyefika alionekana msumbufu. Anne Carroll Moore, binti kutoka jimbo la Maine, alianza kazi mwaka 1896 katika chumba cha watoto cha maktaba ya Taasisi ya Pratt, Brooklyn. Miaka 10 baadaye alichukuliwa na Maktaba ya Umma ya New York kusimamia huduma zote za watoto. Jengo kuu la maktaba hiyo, lile lenye simba wawili wa mawe mlangoni, lilipofunguliwa Mei 1911, watoto walikuta wametengewa chumba chao: meza na viti vya kimo chao, rafu wazi wanazofikia kwa mkono, na saa ya hadithi. Matawini walihudumiwa watoto wa wahamiaji kutoka kila pembe ya Ulaya, nao waliwekewa vitabu vya lugha za kwao.

Masharti ya kuazima yalikuwa mepesi. Mtoto aliandika jina lake kwenye daftari kubwa, chini ya ahadi ya kuvitunza vitabu na kufuata taratibu za maktaba. Mtu anaweza kuliona hilo kuwa jambo dogo. Kwa mtoto ambaye wazazi wake hawakujua Kiingereza, huenda lilikuwa daftari la kwanza la serikali au la umma lililolihitaji jina lake kwa jambo la heri.

Kila mwaka Moore na wenzake walitoa orodha ya vitabu vya watoto vinavyofaa kununuliwa kwa zawadi za sikukuu. Orodha ile ikageuka rungu. Maktaba za miji mingine ziliifuata, wenye maduka wakaifuata, na wachapishaji wakajifunza kubisha hodi ofisini kwake kabla kitabu hakijaenda mtamboni. Inasimuliwa kwamba alikuwa na muhuri wa maneno yasemayo kitabu hakipendekezwi kununuliwa na mtaalamu, na kwamba hakuona tabu kuutumia.

Alistaafu mwaka 1941 lakini hakuondoka hasa. E. B. White alipokaribia kutoa Stuart Little, hadithi ya mvulana mwenye umbo la panya, Moore aliandika barua ndefu kuwasihi wahusika wasiichapishe. Ilichapishwa vilevile mwaka 1945, watoto wakaipenda. Miaka miwili baadaye kikatoka Goodnight Moon cha Margaret Wise Brown, kitabu kidogo cha kumlaza mtoto ambacho ndani yake hakuna kisa cha maana: ni sungura anayeviaga vitu vya chumbani kimoja kimoja. Waliokipitia kwa niaba ya maktaba walikiona kimezidi hisia, wakakiacha. Wazazi wakaendelea kukinunua madukani.

Ni rahisi kumcheka Moore leo. Binafsi sioni haki ya kufanya hivyo bila kukumbuka kwamba kabla yake mtoto hakuwa na hata kiti. Lakini ni kweli pia kwamba mlango alioufungua aliukalia mwenyewe, na waliofuata, tena wengine wao wasaidizi wake, walilazimika kutafuta njia za kumzunguka.

Mmoja wao alikuwa Pura Belpré. Alikuja New York kutoka Puerto Rico mwaka 1920 kuhudhuria harusi ya dada yake, akabaki. Mwaka uliofuata Ernestine Rose, mkuu wa tawi la mtaa wa 135, Harlem, alitafuta msichana anayejua Kihispania wa kuhudumia Wapuerto Rico waliokuwa wakihamia mtaani. Belpré akapata kazi, Mpuerto Rico wa kwanza kuajiriwa na maktaba hiyo. Alipopitia rafu za ngano za mataifa, hakukuta hata moja ya zile alizosimuliwa na bibi yake.

Utaratibu wa saa ya hadithi ulitaka kisa kiwe kimetoka kwenye kitabu kilichochapishwa. Kwa Belpré hilo lilikuwa fumbo lisilo na mlango wa kutokea: visa vyake havimo vitabuni, kwa hiyo visisimuliwe, na visiposimuliwa, nani atajua kwamba vinahitajika vitabuni? Aliomba ruhusa maalumu, akapewa. Akasimulia kisa cha mende wa kike aliyechumbiwa na panya, kwa Kihispania na kwa Kiingereza, kisha akatengeneza vikaragosi vya kukiigiza. Kitabu chenyewe, Pérez and Martina, kilichapishwa mwaka 1932. Wakati huo alikwisha kuhamishiwa tawi la mtaa wa 115, na wazazi ambao hawakuwahi kudhani maktaba ni mahali pao wakawa wanakuja na watoto kusikiliza. Mkutubi aliyekosa kitabu cha kupendekeza alikuwa amekiandika.

Watu wazima nao walikuwa wakitafutiwa utaratibu. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza elimu ya watu wazima ilizungumzwa kila mahali Marekani, na maktaba za miji mikubwa zikaanza kuweka ofisi za washauri wa wasomaji. Chicago iliweka yake mwaka 1923. New York ilimleta Jennie Flexner kutoka Louisville, Kentucky, na mwaka 1929 ofisi yake ikafunguliwa katika jengo kuu. Msomaji aliketi na mshauri. Aliulizwa anafanya kazi gani, amesoma hadi wapi, kitabu gani cha mwisho kilimpendeza, na jioni anapata muda kiasi gani. Siku chache baadaye aliletewa orodha yake mwenyewe, vitabu vikiwa vimepangwa kuanzia chepesi. Akikwama kwenye cha tatu, alirudi na orodha ikarekebishwa.

Mwaka ule ule uchumi ulianguka, na watu wasio na kazi wakajaa maktabani. Miaka ya 1930 iliposonga walifika pia wakimbizi kutoka Ujerumani ya Hitler, wengine wasomi wakubwa kwao, wakitaka vitabu vya kuwafahamisha nchi waliyoingia. Flexner na wenzake waliwashughulikia mmoja mmoja. Huduma ya namna hiyo ni ghali mno. Ilihitaji mtu aliyesoma sana, mwenye saa nzima ya kumpa mtu mmoja. Flexner alifariki mwaka 1944, na katika miaka iliyofuata ofisi za aina yake zilipungua nchini kote. Zilikuwa na kasoro nyingine pia: zilimtaka msomaji ajiendeleze. Aliyetaka riwaya ya mapenzi ya kusoma usiku kabla ya kulala hakuwa mgeni waliyemngoja kwa hamu.

Vijana wa New York walimpata mkutubi Mabel Williams, ambaye alitoa orodha yao ya kwanza mwaka 1929. Jambo alilolishika ni kwamba kijana wa miaka 15 ametoka chumba cha watoto na bado anapotea kwenye rafu za wakubwa, basi aonyeshwe vitabu vya wakubwa vitakavyomshika.

Turudi mtaa wa 135. Mwaka 1937 aliajiriwa pale Augusta Baker, mwanamke mweusi kutoka Baltimore. Alipokagua vitabu vya watoto vinavyowahusu watu weusi alikuta mambo ya aibu: wahusika wanaosemeshwa Kiingereza kilichovunjwavunjwa ili wachekwe, michoro ya midomo iliyokuzwa, mtu mweusi ambaye daima ni mtumishi au kichekesho. Hao walikuwa ndio mashujaa waliowekwa mbele ya watoto wa Harlem. Baker akaanza kukusanya vile vichache vilivyofaa. Mwaka 1939 mkusanyiko huo ulipewa jina la mshairi James Weldon Johnson, aliyefariki mwaka mmoja kabla. Kila kitabu kilipimwa kwa mambo matatu: lugha, maudhui na michoro. Vitabu havikutosha, kwa hiyo Baker alikwenda kwa wahariri na waandishi kuwaambia wazi kinachokosekana. Mwaka 1946 orodha yake ikachapishwa, nayo ikaendelea kusahihishwa na kuongezwa kwa miaka mingi.

Siku moja katika miaka hiyo, mtoto mdogo asiyeona vizuri alikuwa amejitupa sakafuni katika chumba cha watoto akipiga mayowe, mama yake akimfinya sikio anyamaze. Mkutubi alisimama mbele yao akamuuliza mtoto kama angependa kusomewa hadithi. Akamsomea Madeline, kisha Horton Hatches the Egg, kile cha tembo anayeatamia yai la ndege. Vilipokwisha, mtoto akatangaza kwa sauti kwamba anataka kusoma. Mama akashusha pumzi, maana binti huyo alikuwa amechelewa hata kusema. Mtoto alikuwa Audre Lorde, aliyekuja kuwa mmoja wa washairi wakubwa wa Marekani, na yeye mwenyewe amekisimulia kisa hiki katika Zami, kitabu cha mwaka 1982, akimtaja Bi Baker kwa jina na kumshukuru kana kwamba alimwokoa maisha. Hakuna kati ya vitabu hivyo viwili kilichotoka kwenye mkusanyiko maalumu ambao Baker aliupigania. Alimtazama mtoto, akachukua kinachomfaa.

Mwaka 1961 Baker alipandishwa cheo kuwa mratibu wa huduma za watoto kwa maktaba nzima, kazi iliyotokana na ile ya Moore. Mwaka 1971 orodha yake ilitolewa upya kwa jina la The Black Experience in Children's Books. Mwaka huo huo Muriel Feelings, Mmarekani mweusi aliyewahi kufundisha Uganda, alitoa Moja Means One, kitabu cha kuhesabu kwa Kiswahili kilichochorwa na Tom Feelings. Mwaka 1972 kilitajwa kwa heshima katika tuzo ya Caldecott, ambayo hutolewa na chama kile kile cha wakutubi kilichoanzishwa Philadelphia. Mtoto wa New York sasa angeweza kuomba kitabu akapewa cha moja, mbili, tatu.

Ushauri kwa watu wazima ulifufuka miaka ya 1980, safari hii ukiipokea riwaya nyepesi bila kununa. Joyce Saricks wa Downers Grove, karibu na Chicago, aliandika na Nancy Brown mwongozo uliotoka mwaka 1989. Walimtaka mkutubi amwombe msomaji aeleze kitabu alichokifurahia, kisha asikilize anakielezaje: mwendo wa kisa, wahusika, mazingira. Anayesema "nipe kingine kama hiki" mara nyingi hazungumzii mada. Amesoma kisa cha upelelezi, lakini alichokipenda ni mji ule wa zamani. Na Nancy Pearl wa Seattle akatoa kanuni ambayo wasomaji bado wanaitumia: soma kurasa 50, kisipokunogea kiache, ukivuka miaka 50, toa umri wako kwenye 100, na kinachobaki ndizo kurasa unazodaiwa na kitabu. Mzee wa miaka 80 ana ruhusa ya kukitupa baada ya kurasa 20.

Januari 2020, Maktaba ya Umma ya New York ilipoadhimisha miaka 125, ilitangaza vitabu vilivyoazimwa mara nyingi zaidi katika historia yake. Cha kwanza kilikuwa The Snowy Day cha Ezra Jack Keats, kilichotoka mwaka 1962, kuhusu mvulana mweusi aitwaye Peter anayetoka kucheza thelujini: mara 485,583. Orodha ilikuwa ya vitabu 10, na chini yake maktaba iliongeza cha kutajwa kwa heshima, Goodnight Moon, pamoja na maelezo kwamba kisingekosa nafasi miongoni mwa 10 hivyo kama maktaba isingechelewa hadi mwaka 1972 kukinunua.