Leonard Mambo Mbotela

Leonard Mambo Mbotela (1940–2025) alikuwa mtangazaji wa redio na televisheni nchini Kenya. Sifa zake zilienea hasa kwa kipindi cha Je, Huu ni Ungwana?, kilichopima mienendo ya watu kwa zaidi ya nusu karne.

Alizaliwa Frere Town, Mombasa, kijiji kilichoanzishwa na wamisionari wa Kianglikana mwaka 1875 ili kuwapokea watu waliookolewa kutoka majahazi ya watumwa. Kengele iliyowatahadharisha wakazi wakati wa hatari imebaki mahali panapoitwa Kengeleni. Ukoo wa Mbotela ulitokana na watu hao, na mmoja wa ukoo huo, James Mbotela, alisimulia habari zao katika kitabu cha Uhuru wa Watumwa (1934).

Leonard alianzia kazi gazetini, na mwaka 1964 akaingia Sauti ya Kenya, redio ya taifa. Kipindi chake kilianza mwaka 1966, baadaye kikaonyeshwa pia katika televisheni. Muundo wake ulikuwa mwepesi: Mbotela alieleza tendo fulani, kwa mfano la mgeni anayebisha hodi kila chakula kinapopakuliwa, kisha akauliza swali lililobeba jina la kipindi. Hukumu aliwaachia wasikilizaji. Swali hilo likaingia katika mazungumzo ya kawaida, watu wakilitumia kumkanya jirani bila kumtukana.

Uzito wa swali hilo umo katika neno ungwana lenyewe. Muungwana hapo kale alikuwa mtu huru, asiye mtumwa. Baadaye neno likaja kumaanisha mwenye adabu. Huko Kasongo, makao ya mfanyabiashara Tippu Tip katika Maniema, mashariki ya Kongo, Wangwana, yaani waungwana, walikuwa wafuasi wa misafara ya Waswahili, wengi wao wenyeji wa bara waliochukua lugha, mavazi na desturi za pwani, wakajitofautisha na wenzao.  Kwa hiyo uungwana uliwahi kuwa cheo kilichowatenga watu. Mbotela, mjukuu wa waliokombolewa, aliufanya kuwa kipimo cha matendo, ambacho tajiri na maskini walipimwa nacho sawasawa.

Tarehe 1 Agosti 1982, askari wa jeshi la anga walioasi walimchukua kutoka nyumbani kwake Nairobi, wakamlazimisha kutangaza kwamba serikali ya Rais Daniel arap Moi imepinduliwa. Siku hiyohiyo askari watiifu walikitwaa tena kituo cha redio, na Mbotela akatangaza kwamba serikali ingali madarakani.

Alitangaza pia mechi za kandanda kwa ufasaha uliowafanya wasikilizaji wauone mpira kwa masikio, na alihudumu katika kitengo cha habari cha rais. Alifariki Nairobi tarehe 7 Februari 2025, akiwa na umri wa miaka 84.