Kilimia, Kusi na Maji ya Mbali

Mkulima wa bonde la Rufiji anaweza kuamka asubuhi ya Aprili, jua linawaka na wingu halionekani, akakuta mpunga wake umelala chini ya maji. Mvua iliyoleta maji hayo haikunyesha Kibiti wala Utete. Ilinyesha siku nyingi nyuma kwenye milima ya Udzungwa na nyanda za Iringa na Njombe, ikateremka kwa mito ya Kilombero na Ruaha Mkuu, hadi ikaingia kwenye mto unaobeba maji ya karibu sehemu moja ya tano ya nchi yetu. Upande wa pili, kwenye mikoko ya delta, mambo yanaamuliwa na bahari na pepo zake.

Kwa hiyo aliyeishi hapa miaka 700 iliyopita hakuweza kutegemea wingu la juu ya paa lake. Alilazimika kujua mambo yanayotokea mbali, asiyoyaona, na kuyajua kabla hayajamfikia.

Ujuzi huo una mizizi mirefu. Mkukutu, karibu na Kibiti, mwanaakiolojia Felix Chami alichimbua shanga za Kirumi. Kitabu cha mabaharia wa Kigiriki cha karne ya kwanza, Periplus, kinaitaja bandari ya Rhapta yenye vyombo vya mbao vilivyoshonwa kwa kamba. Chami anaiweka Rhapta maeneo haya ya delta, wengine bado wanabisha. Lisilo na ubishi ni kwamba shanga hazikuja zenyewe. Zililetwa na upepo.

Upepo wenyewe kila mtoto wa pwani anaufahamu. Kuanzia Novemba au Desemba hadi Machi huvuma kaskazi, ukisukuma majahazi kutoka Arabuni na India. Bara la Asia likishapata joto, mambo hugeuka: Aprili kusi huingia, na vyombo hurudi makwao. Katikati kuna tanga mbili, upepo usioeleweka, wakati ambao nahodha mwenye akili hutulia bandarini akiziba nyufa za chombo chake. Kilwa ilitajirika kwa sababu hiyo pia: jahazi la Ghuba liliweza kufika huko na kurudi ndani ya msimu mmoja. Kwenda mbali zaidi, hadi Sofala, kulihitaji msimu wa pili.

Al-Masudi wa Baghdad, aliyesafiri kutoka Qanbalu, kisiwa cha bahari hii, kwenda Oman mwaka 916, aliandika kwamba alikuwa amepita bahari nyingi lakini hakuona ya hatari kuliko hii ya Zanji, kama Waarabu walivyoiita pwani yetu, yenye mawimbi makubwa kama milima. Mwaka 1331 Ibn Battuta alishuka na kaskazi hadi Kilwa, akaona nyumba za mbao na mvua nyingi, kisha akapandisha kwenda Dhofar. Alisafiri kwa ratiba ya upepo kama abiria wa leo anavyosubiri kivuko cha Nyamisati.

Miaka sita baadaye, huko Uingereza, padri William Merle alianza kuandika hali ya hewa ya kila siku, akaendelea hadi 1344. Daftari lake ndilo la zamani zaidi la aina hiyo linalojulikana kubaki. Ni kazi ya kusifiwa, lakini Merle aliandika yaliyokwisha kutokea. Mtu wa pwani yetu alitaka kujua yajayo, na chombo chake kilikuwa hesabu.

Hesabu hiyo ilianzia Nairuzi, siku ya mwaka, iliyotoka Uajemi. Mwaka wa Kiislamu hufuata mwezi, kwa hiyo Ramadhani huzunguka misimu yote na haimsaidii mtu kujua lini kusi itaanza. Mabaharia wakashika mwaka wa jua wa siku 365, na Waswahili wakaugawa kwa miongo ya siku kumi kumi: miongo 36, na siku tano za nyongeza. Aliyejua yuko mwongo wa ngapi alijua pia kama ni wakati wa kushusha chombo majini au wa kufyeka shamba. Ahmad ibn Majid, baharia mkubwa wa karne ya 15 kutoka Julfar, alipoandika nyakati za safari za Bahari ya Hindi alizitaja kwa idadi ya siku tangu Nairuzi.

Kasoro ilikuwa moja. Mwaka huo hauna siku ya kuongeza kila baada ya miaka minne, kwa hiyo husogea nyuma polepole. Zama za Ibn Majid Nairuzi iliangukia Novemba, kaskazi inapoanza kujipanga. Leo Mwaka Kogwa wa Makunduchi, unaotokana na hesabu hiyohiyo, huadhimishwa Julai. Tarakimu za babu hazikumfaa mjukuu bila kurekebishwa, na aliyeziamini kibubusa angeng'oa nanga mwezi si wake.

Hasara ya kukosea msimu aliionja Vasco da Gama. Aprili 1498 aliondoka Malindi akiongozwa na rubani mwenyeji wa bahari hii, kusi ikiwa changa, akafika Calicut kwa wiki tatu na ushee. Kurudi hakungoja kaskazi. Alikata bahari kuanzia Oktoba, pepo zikiwa hazijatulia, akatumia karibu miezi mitatu na kupoteza mabaharia wengi kwa ugonjwa. Rubani yuleyule, au mvuvi yeyote wa Mafia, angemwambia asubiri.

Ndani ya delta palihitajika hesabu nyingine, ya mwezi. Jahazi lililopakia boriti za mikoko lilikaa juu ya tope la kijito, na halikutoka hadi bamvua, maji makubwa yanayofuata mwezi mwandamo na mwezi mpevu. Siku za maji mafu hata mabaharia arobaini wasingelisogeza. Biashara hiyo ni ya kale: katika karne ya 10 al-Istakhri alitaja majengo ya Siraf, mji wa Uajemi, yaliyojengwa kwa miti ya nchi ya Zanji.

Mkulima naye alitazama Kilimia, kundi la nyota ndogo ambalo jina lake limetokana na kulima. Hushuka magharibi jioni baada ya jioni hadi kupotea karibu na Mei, kisha huzuka mashariki alfajiri ya Juni. Wazee walishika kwamba likizama kwa jua litazuka kwa mvua, na likizama kwa mvua litazuka kwa jua. Nyota hazinyeshi mvua, na kanuni hiyo haiwezi kutimia kila mwaka. Lakini Kilimia kilikuwa na sifa ambayo miongo haikuwa nayo: kwa maisha ya mtu mmoja, hakihami msimu. Na kinatoweka na kurudi majira yaleyale ambayo Warufiji husubiri maji yapungue ili walime mlau, yaani wapande mahindi na kunde kwenye tope lililoachwa na mafuriko. Katika kilimo hicho maji yakija kwa wakati ni mbolea, na ndiyo maana wenyeji walijenga madungu, vibanda vya juu ya nguzo, badala ya kulikimbia bonde.

Elimu hiyo ilitabiri msimu. Dhoruba ya ghafla iliachiwa dua. Mapema Mei 2024 kimbunga Hidaya kilipofika Mafia, ni setilaiti na Mamlaka ya Hali ya Hewa zilizowaonya watu siku kadhaa kabla, jambo ambalo hakuna mwongo wala nyota ingelifanya.

Lakini mto nao umebadilika. Tangu Desemba 2022 maji ya Rufiji yanazuiwa na Bwawa la Julius Nyerere, na mafuriko ya Aprili 2024 yaliyozamisha mashamba ya Rufiji na Kibiti yalikuja huku maji yakifunguliwa bwawani. Mkulima wa mlau sasa anahitaji taarifa ambayo haiko angani wala baharini: milango itafunguliwa lini, na kwa kiasi gani. Wanaoishika milango hiyo wampe tarehe mapema, kabla hajamwaga mbegu.