Chuo cha Wakati, Kumbukumbu na Ndoto

Mwanafunzi wangu mmoja, aliyezaliwa na kulelewa Uingereza na wazazi waliotoka Mombasa, aliniletea muhula uliopita muhtasari wa riwaya anayokusudia kuiandika. Ndani yake mna chuo kikuu cha kubuni chenye vitivo vitatu tu: cha wakati, cha kumbukumbu na cha ndoto. Amekiweka katika mji usio na jina, wenye theluji. Nilipomuuliza kwa nini hakukiweka pwani kwao, alinijibu kwamba kule hakuna mapokeo ya elimu ya namna hiyo. Makala haya ni jibu ambalo sikuwa nalo siku ile.

Tuanze na neno lenyewe. Katika Kiswahili cha kale, chuo ni mahali pa kusomea, na pia ni kitabu chenyewe kinachosomwa. Utendi wa Tambuka, ambao mswada wake maarufu ni wa mwaka 1728, hujulikana pia kwa jina la Chuo cha Herekali, yaani kitabu cha habari za Herekali, mfalme wa Rumi. Basi mtu wa Pate wa karne ya 18 angalisikia habari za chuo cha wakati, huenda asingaliuliza majengo yake yako wapi. Angaliuliza kimetungwa na nani, na sasa kiko mikononi mwa nani.

Chuo cha wakati kilikuwako. Pamoja na kalenda ya Kiislamu inayofuata mwezi, watu wa pwani walikuwa na mwaka wa jua, mwaka wa Nairuzi, wenye siku 365: miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano za kukamilishia. Jina lake ni la Kiajemi, na hesabu yake ilikuwa mali ya bahari nzima. Mwishoni mwa karne ya 15, mwanamaji Ahmad ibn Majid alitaja nyakati za kusafiri katika Bahari ya Hindi kwa kuhesabu siku za Nairuzi. Aliyeijua miongo alijua lini kaskazi italeta vyombo na lini kusi itavirudisha, na mkulima naye alijua lini apande. Mwaka huo hauna siku ya nyongeza, kwa hiyo husogea siku moja katika kila miaka minne ukilinganishwa na kalenda ya Kizungu. Watu wa Makunduchi, Unguja, bado wanaukaribisha kwa Mwaka Kogwa, mwezi Julai.

Elimu hii hupotea kwa urahisi, na ushahidi ninao mwenyewe. Nilipokuwa ughaibuni nikiandika tasnifu ya udaktari, mama alinitaka nimpigie simu usiku wa Ijumaa, saa tatu. Nilimpigia Ijumaa usiku. Aliniambia, bila ya kulalama, kwamba alikesha na simu mkononi usiku uliotangulia. Kwetu siku huanza jua linapotua; usiku wa Ijumaa ndio ule unaoitangulia Ijumaa. Nilikuwa nikisomea historia ya pwani, na nilikuwa nimeisahau saa ya nyumbani kwetu.

Kitivo cha pili, cha kumbukumbu, kina kisa kizito zaidi. Habari za masultani wa Pate, ukoo wa Nabhani, inasemekana zilikuwa zimeandikwa katika kitabu kilichohifadhiwa Witu. Oktoba 1890 jeshi la Waingereza liliushambulia na kuuchoma mji huo, na kitabu kikapotea. Kilichobaki ni kifua cha mtu. Muhammad bin Fumo Omar al-Nabhani, maarufu kwa jina la Bwana Kitini, alikuwa amezipokea habari hizo kwa babu yake, aliyeitwa Bwana Simba, naye akazisimulia kwa waliotaka kuziandika. Stigand alichapisha masimulizi hayo kwa Kiingereza mwaka 1913. Alice Werner akatoa matini ya Kiswahili miaka michache baadaye.

Matini zilizotufikia hutofautiana katika majina na miaka ya baadhi ya masultani. Wapo wanahistoria waliozitilia shaka kwa sababu hiyo, hasa tarehe ya mwanzo wa dola, mwaka 600 wa Hijria. Shaka yao ni halali. Hata hivyo, anayedai usahihi wa kitabu akumbuke pia ni nani aliyekichoma. Bwana Kitini hakuchagua kuwa maktaba.

Kitivo cha ndoto ndicho kinachomtia mwanahistoria haya, kwa kuwa ndoto haina tarehe wala shahidi. Lakini nayo ina vyuo vyake. Pwani, kama kwingineko katika ulimwengu wa Kiislamu, watu wamefasiri ndoto kwa vitabu vinavyonasibishwa na Ibn Sirin, mwanachuoni wa Basra aliyefariki katika karne ya 8, ingawa wataalamu wanakubaliana kwamba si yeye aliyeviandika. Katika nyumba niliyokulia, aliyesema "nimeota" alijibiwa "kheri" kabla hajasimulia, na hakusimulia kwa kila mtu. Huo ulikuwa utaratibu wa kusikiliza, na mtafiti angefaidika nao.

Sasa swali la pili: vyuo hivi viko kwa nani? Miswada mingi iliyonakiliwa kwa mkono wa Muhamadi Kijuma wa Lamu, aliyefariki mwaka 1945, imehifadhiwa London na Ujerumani. Mwanafunzi wangu, kwa safari fupi ya treni, anaweza kuisoma kwa urahisi kuliko kijana anayeishi Lamu. Hilo halimpi haki zaidi ya kijana yule, ila linampa kazi zaidi.

Nimemwambia haya yote, na sikumtaka auhamishe mji wake wa theluji. Bibi yake yu hai, Mombasa. Nimemwomba ampigie simu kabla ya kuandika sura ya kwanza, amuulize ni miongo gani anayoikumbuka na nani aliyemfundisha. Waahidiane wazungumze usiku wa Ijumaa, na kwanza amuulize usiku huo ni upi.