Vyuma vya Madirisha katika Nyumba za Uvira

Mtu akipita Uvira, toka Kavimvira mpaka Kalundu, huona madirisha yenye vyuma vya namna nyingi: fito zilizonyooka, miraba, maua, hata miali ya jua. Wengi wetu tunadhani ni pambo tu. Kumbe vyuma hivyo vina historia.

Wazee wetu walilala katika nyumba za msonge zenye mlango mmoja na bila dirisha. Moshi ulipenya katika nyasi za paa. Burton na Speke walipofika Uvira mwezi wa Aprili 1858, wafanya biashara wa pwani walikuwa wameitangulia njia hiyo, wakitafuta pembe na watumwa. Kwao Zanzibar madirisha ya nyumba za mawe yalitiwa fito, ili upepo uingie na mwizi abaki nje. Polepole nyumba za pembe nne zikaenea ziwani. Mapadri Weupe, waliofika ziwani mwaka 1879, walijenga kwa matofali, wakaweka madirisha. Zamani za Wabelgiji yakaja matofali ya saruji yenye matundu, yanayofaa sana katika joto letu.

Vita vya 1996 na 1998 vilileta hofu, na mwenye nyumba akaona heri chuma. Hatumlaumu. Lakini usiku wa kuamkia 17 Aprili 2020 mto Mulongwe ulifurika, ukabomoa nyumba nyingi na kuua watu. Tangu hapo tujiulize: maji au moto ukiziba mlango, watoto watatokea wapi? Chuma kisichofunguka humzuia mwizi, na humzuia mwenye nyumba pia.

Basi, unapochagua, usitazame ua peke yake. Fito za kusimama ni bora kuliko za kulala, maana mtoto hazipandi kama ngazi. Nafasi kati yake isizidi sentimeta 10, kichwa cha mtoto kisinase. Zipake rangi ya kuzuia kutu, na ndani uweke wavu wa mbu. Zaidi ya yote, katika kila chumba cha kulala mwambie fundi atie bawaba katika dirisha moja, lifunguke kwa ndani, na kila mtu wa nyumbani ajue ufunguo ulipo.

Wazee walilindwa na majirani. Sisi tumeongeza chuma. Tusiache ujirani, wala tusijifungie ndani ya ulinzi wetu wenyewe.