Hongo, Namba na Kipande: Habari za Waha Katika Safari za Mkonge

Katika mazungumzo ya watu wa pwani juu ya mashamba ya mkonge, jina la Mha limezoea kutajwa pamoja na neno manamba, kana kwamba majina hayo mawili yalizaliwa siku moja. Kutokana na mazoea hayo imezuka dhana kwamba watu wa nyanda za juu za Kigoma, yaani wa Kibondo na Kasulu hadi kwenye mapori ya Makere na Kagerankanda, walikuwa vibarua kwa asili yao, na kwamba nchi yao haikuwa na kitu cha kutoa isipokuwa mikono. Dhana hiyo haina msingi. Maneno yaliyotumika katika kazi hiyo, yakipangwa kwa taratibu ya nyakati zake, yatosha kuonyesha kwamba uhusiano wa Uha na pwani ulianza kwa namna nyingine kabisa.

Neno la kwanza kuchunguzwa ni hongo. Katika karne ya kumi na tisa misafara ilitoka pwani kwenda Ujiji kutafuta pembe na watumwa. Viongozi wake wengi walikuwa Waarabu na Waswahili, lakini bidhaa walizochukua zilitolewa kwa mkopo na matajiri wa Kihindi waliokaa Unguja, ambao mashuhuri kati yao alikuwa Tharia Topan. Hivyo nguo iliyofika Uha ilikuwa imekwisha pita katika mikono ya mataifa matatu. Waha nao hawakuwa watazamaji tu. Walikuwa na wafalme wao, walioitwa bami, katika Heru, Muhambwe, Buyungu na kwingineko. Walikuwa na ng'ombe. Na karibu nao ilikuwapo chumvi ya Uvinza iliyowavuta wanunuzi kutoka mbali. Msafara uliopita katika nchi yao ulitozwa. Stanley, alipokuwa akienda Ujiji kumtafuta Livingstone mnamo Novemba 1871, alilipa nguo nyingi katika Uha, akalipa tena, na mwisho akaona heri kuondoka usiku kwa kificho kuliko kulipa mara nyingine.

Hongo wakati huo ilikuwa ushuru wa njia, haki ya mwenye nchi juu ya mpitaji, wala haikuwa na aibu ndani yake. Leo neno hilo hilo lina maana ya rushwa. Yamkini maana iligeuka kwa sababu mwenye haki ya kutoza aliondolewa: serikali mpya zilipojitwalia peke yao mamlaka ya kodi, malipo mengine yote yakawa ya sirini.

Misafara iliacha maneno mengine ambayo mashamba ya mkonge yaliyarithi. Mnyapara, au mnyampara, ni neno la Kinyamwezi lililomhusu mzee mwenye heshima, kisha kiongozi wa wapagazi aliyechaguliwa kwa ajili ya ujuzi wake wa njia. Katika shamba mnyapara akawa msimamizi anayewekwa na mwajiri. Posho nayo ilikuwa chakula cha mpagazi cha kila siku. Katika kambi za mkonge ikawa unga unaopimwa. Sauti za maneno hayo zilibaki zile zile, lakini mamlaka yalihama kutoka kwa wasafiri kwenda kwa mwenye shamba.

Mkonge wenyewe ulikuwa mgeni. Dakta Hindorf aliuleta kutoka Florida mwaka 1893, na miche 62 tu ndiyo iliyofika ikiwa hai. Kodi ya nyumba ikaanza kutozwa na Wajerumani mwaka 1898, na reli ya kati ikafika Kigoma mwaka 1914. Tangu hapo nyanda za juu zikawa karibu na pwani kwa safari ya siku chache, ambapo hapo awali zilikuwa mbali kwa miezi.

Baada ya vita jambo hili liliingia katika mapatano ya mataifa. Wabelgiji walikuwa wameitwaa Kigoma mwaka 1916. Kwa mapatano ya Milner na Orts ya mwaka 1919 Urundi ikawa ya Wabelgiji, na Uha ikawa ya Waingereza, ambao walikabidhiwa Kigoma mwaka 1921. Mpaka huo uliwatenga wasemaji wa lugha zinazokaribiana mno, hata Guthrie aliziweka Kiha na Kirundi katika kundi moja. Hata hivyo Mha na Mrundi walikutana tena katika safu za mkonge, wote wawili wageni.

Hati ya udhamini ya mwaka 1922, iliyotolewa na Shirikisho la Mataifa, ilikataza kazi ya kulazimishwa isipokuwa kwa huduma za lazima za umma, tena kwa malipo. Kwa hiyo mwenye shamba hakuweza kupewa watu kwa amri. Lakini kodi ililipwa kwa fedha, na katika nchi iliyokuwa mbali na masoko fedha hazikupatikana kwa urahisi. Kijana aliyetia alama ya kidole katika mkataba alifanya hivyo kwa hiari mbele ya sheria. Mbele ya mtoza kodi hiari hiyo ilikuwa nyembamba sana.

Hapa ndipo lilipozuka neno manamba. Asili yake ni namba, kwa kuwa kila aliyeandikwa alipewa nambari. Kiambishi ma- kinafanana na kile cha wingi katika makarani na mabwana, lakini tofauti ni kubwa: karani mmoja yupo, na bwana mmoja yupo, ila mtu mmoja wa mkataba hakuitwa namba. Aliitwa manamba vile vile. Husemwa “manamba yule amekimbia” na “manamba wale wamefika”, viambishi vya upatanisho vikiwa vya mtu, lakini jina lenyewe likiwa moja kwa mmoja na kwa wengi. Msamiati huo ulimtambua kibarua katika kundi, haukumtambua peke yake.

Kipande, ambacho Kenya kilikuwa cheti cha kumtambulisha Mwafrika, katika mashamba ya Tanganyika kilikuwa kadi ya siku 30 za kazi. Siku isiyofanyiwa kazi haikuandikwa, hivyo mwezi wa kipande ulizidi mwezi wa mbinguni. Mahali pa kusindikia majani paliitwa korona, kutokana na jina la mashine za Kijerumani za Corona. Wenye mashamba walikuwa Wazungu wa mataifa mbalimbali pamoja na Wahindi, hasa ukoo wa Karimjee Jivanjee. Nyumba za biashara zilizotokana na Unguja sasa zilikuwa zimeingia katika mkonge.

Katika Vita Kuu ya Pili, Wajapani walipoziteka Ufilipino na Java, haja ya mkonge wa Tanganyika iliongezeka. Mwaka 1944 wenye mashamba wakaunda SILABU, ofisi ya kuandika vibarua, na Uha ikawa moja ya nchi zake kuu za uandikishaji. Waendao Tanga iliwalazimu kuacha reli na kupanda motokaa, kwani reli ya kati na ile ya Tanga hazikuunganishwa mpaka mwaka 1963. Wengine wengi walikwenda wenyewe bila mkataba, wapate kuchagua shamba.

Hasara ya Uha haikuwa ndogo. Katika miaka ya 1930 serikali iliwakusanya watu wengi katika vijiji vya kuepuka malale, na nchi iliyoachwa ikarudia pori. Kijana aliyeondoka alipunguza mikono ya kufyeka, na kila pori lilipoongezeka mbung'o naye alisogea. Hivyo umaskini uliotajwa kuwa sababu ya kuhama ulikuwa, kwa sehemu kubwa, matunda ya kuhama kwenyewe.

Mwaka 1964 mkonge ulifikia takriban tani 230,000, kisha bei ikaanguka kwa ushindani wa nyuzi za viwandani. Mishahara ya chini ilikuwa imepandishwa mwaka 1962, na mashamba yakapunguza watu. Uandikishaji wa mbali ukaisha katika miaka hiyo hiyo. Katika karne hii wakulima wameitafuta kwa juhudi kubwa, hata kwa migogoro na wenye kulinda msitu, ardhi ya Kagerankanda. Watu wanaoipigania ardhi namna hiyo hawawezi kuelezwa kuwa walikuwa vibarua kwa asili. Neno manamba ni ushahidi juu ya daftari la mwajiri. Juu ya Waha, neno la kuanzia ni hongo.